Muulize Dairekta: Skripti nne kabatini, hakuna hata sini moja iliyoshutiwa

Habari zenu wapenzi wasomaji. Barua za mwezi huu karibu zote zimetoka kwa watu wa aina moja, wanaoandika wenyewe na kuongoza wenyewe, hawana studio nyuma yao wala prodyuza mwenye mfuko, wana laptopi tu na stori inayowakosesha usingizi. Mimi mwenyewe nimepita hukohuko kwa hiyo leo penye uzito nitakaa, kwingine nitapita haraka. Majina yenu nimeyaacha kama mlivyoomba.

Dada shikamoo. Nina skripti nne za filamu ndefu na zote nimemaliza kuandika, moja ina kurasa 140. Nimewatumia maprodyuza wengi, wengine hawajibu, wengine wananisifia halafu kimya. Huu mwaka wa tatu nasubiri. Nifanyeje nipate hela ya kuanza?

Marahaba mdogo wangu. Kwanza hongera, kumaliza skripti nne sio kitu kidogo, wengi wanaishia ukurasa wa 30 wanaanza nyingine. Ila nikuambie ukweli bila kukuficha, shida yako sio hela. Shida ni kwamba umeandika filamu nne ambazo zote zinahitaji ruhusa ya mtu mwingine ndo ziwepo.

Angalia hiyo ya kurasa 140. Ukurasa mmoja uliopangwa kwa mtindo wa kawaida wa skripti huwa unakadiriwa dakika moja ya filamu, kwa hiyo unamuomba prodyuza agharamie kama saa mbili na dakika ishirini za mtu ambaye hajawahi kumuona akiongoza hata dakika moja. Anaposoma hasomi stori peke yake, anahesabu, lokesheni ngapi, waigizaji wangapi, sini za usiku ngapi, magari, mvua, umati. Na wewe ulipoandika "usiku, barabarani, mvua kubwa" ilikuchukua sekunde tano, ila kuishuti ni taa kubwa za kuiga mwanga wa mwezi, maji ya kumwaga kutoka juu, nguo za akiba za waigizaji kwa kila teki, yaani kila mara mnaporudia kushuti sini hiyo, na usiku mzima.

Anayeandika na kuongoza mwenyewe ana nguvu moja ambayo studio haina, anaweza kuandika kwa kufuata alichonacho. Kaa chini leo uandike, yaani sio skripti, orodha tu. Sehemu gani naweza kuingia bila kulipa na nikakaa saa sita bila mtu kunifukuza. Nani ananijua na anaweza kuigiza, sio nyota, mtu ambaye uso wake unabeba kitu. Dirisha gani linapata mwanga mzuri na saa ngapi. Kitu gani cha ajabu ninacho au anacho ndugu yangu, cherehani ya zamani, ngazi ndefu ya jengo, mbwa mzee. Ukimaliza orodha hiyo ndo uandike filamu ya dakika 8 au 10 inayotoka humo.

Christopher Nolan, leo dairekta mkubwa wa Hollywood, filamu yake ya kwanza ndefu, Following ya mwaka 1998, ilishutiwa Jumamosi kwa Jumamosi kwa karibu mwaka mzima, kwa sababu yeye na wenzake wote walikuwa na ajira za wiki nzima. Kilichonifundisha mimi sio kwamba hakuwa na hela, wasio na hela tuko wengi. Ni kwamba skripti yenyewe aliiandika ikiwa inajua hali hiyo. Mwanga wa asili karibu na madirisha, filamu nyeusi na nyeupe kwa sababu kupanga mwanga wa rangi kungewashinda, nyumba za jamaa na marafiki, na mazoezi marefu kabla kama vile wanaandaa mchezo wa jukwaani ili siku ya kushuti teki moja au mbili zitoshe maana mkanda wa filamu wa 16mm ni ghali na ukishashuti haufutiki. Uhaba wote umo ndani ya maandishi. Ukiiangalia huoni mtu aliyekosa, unaona mtu aliyechagua.

Zile nne usizitupe. Ukishakuwa na kitu kifupi kilichokamilika, prodyuza yuleyule aliyekaa kimya atakuwa na cha kuangalia kabla hajasoma, na kuangalia dakika kumi ni rahisi kuliko kusoma kurasa 140. Filamu yangu ya kwanza ya dakika 9 yote ilikuwa kwenye ngazi za jengo moja, kwa sababu Jumapili nilikuwa napewa funguo. Mwanamke anapanda, mwanaume anashuka, wanakutana ghorofa ya tatu. Ndo hiyo iliyonifungulia mlango wa kwanza, na skripti kubwa niliyokuwa nayo wakati ule nimekuja kuishuti miaka sita baadaye.

Nimeajiriwa na mshahara sio mbaya. Moyo wangu uko kwenye filamu. Niache kazi nijitose mzima mzima au nitakuwa vuguvugu maisha yangu yote?

Usiache kaka yangu. Najua kuna watu watakuambia vingine, lakini hao wengi hawajawahi kulipa kodi ya nyumba kwa filamu fupi.

Satyajit Ray, dairekta wa India, alipokuwa anatengeneza filamu yake ya kwanza, Pather Panchali, alikuwa ameajiriwa kwenye kampuni ya matangazo huko Calcutta. Alianza kushuti mwaka 1952, filamu ikatoka 1955, na katikati hapo kazi ilisimama kwa miezi na miezi kwa sababu hela imeisha, akauza rekodi zake za muziki, vito vya mke wake vikawekwa rehani, mpaka mwisho serikali ya jimbo la West Bengal ikaingiza pesa. Kuna sini maarufu ya watoto wawili kwenye uwanja wa maua meupe marefu. Alishuti nusu yake Jumapili moja, Jumapili iliyofuata akarudi na wenzake kumalizia wakakuta ng'ombe wamekula maua yote. Ikabidi asubiri msimu mwingine. Na muda wote huo wa kusubiri hofu yake ilikuwa sauti ya yule mtoto wa kiume isivunjike, yule binti asikue ghafla, na yule bibi mzee asifariki kabla filamu haijaisha.

Sasa mtu anayeishi kwa filamu hiyohiyo moja asingeweza kusubiri maua yaote tena, njaa ingemlazimisha akate kona. Mshahara ndo ulimpa subira. Kwa hiyo ajira yako iangalie kama prodyuza wako wa kwanza, asiyekuomba ubadilishe mwisho wa stori. Cha kulinda ni masaa. Chagua asubuhi mbili kwa wiki za kuandika kabla ya kwenda kazini, asubuhi nasema sio usiku, usiku umeshatoa akili yako yote kwa mwajiri. Likizo yako ya mwaka ndo siku zako za kushuti. Na ukiona kazi za filamu zenyewe, matangazo, harusi, video za mashirika, zinakulipa kwa miezi kumi na mbili mfululizo sawa na mshahara, hapo rudi tuongee tena.

Dada, naandika maneno ya wahusika kwa umakini sana, nayasoma kwa sauti usiku mpaka yanakaa sawa. Tukifika seti waigizaji wanabadilisha. Nikiwarudisha wanasema hayakai mdomoni. Mimi ndo mwandishi, mimi ndo dairekta, nifanyeje wanisikilize?

Hapa naomba nikae kidogo kwa sababu ni swali ambalo lingeniokolea miaka kama ningeliuliza mapema.

Kwenye filamu yangu ya pili nilikuwa na sini ya mama na binti yake. Binti anaondoka nyumbani, pengine harudi, mama anamfungia mizigo. Nilimuandikia mama mistari kumi na moja. Nilikuwa naipenda ile mistari, ilikuwa na tamathali, ilikuwa na uchungu, nilikuwa naijua kwa kichwa. Teki ya kwanza ikatoka kama mtu anasoma kwenye harambee. Ya pili hivyohivyo. Nikafikiri mwigizaji hajakariri, nikampa dakika kumi, akarudi, ya tatu, ya nne, ya tano ileile. Teki ya sita yule mama akafika mstari wa tatu akanyamaza. Sio kwamba alisahau, alinyamaza tu. Akachukua shati la binti yake kitandani akalikunja, akaliweka kwenye begi, akalitoa, akalikunjua akalikunja upya, mikono ikawa inapita kwenye kola mara mbili mara tatu kama anapiga pasi. Halafu bila kumuangalia binti akasema, "Umechukua sweta?" Mstari huo sikuuandika mimi.

Watu wa sauti walikuwa wameshusha vichwa. Mimi nilikuwa nimeshika skripti yangu nimeikunja mkononi na jambo la kwanza lililonijia, naliandika kama lilivyo, ni hasira, kwamba mistari yangu nane imepotea. Jambo la pili lililokuja baada kama ya dakika moja ni kwamba ile mistari nane yote ilikuwa imo kwenye lile shati.

Kwa hiyo mdogo wangu, wakikuambia hayakai mdomoni mara nyingi hawakudharau, wanakupa taarifa. Maneno uliyoyasoma mwenyewe usiku kwa sauti yako yamekaa kwenye mdomo wako, na anayeigiza sio wewe. Mimi siku hizi nafanya hivi. Nikimaliza skripti naiweka pembeni wiki mbili siigusi, alafu naichukua kama vile ameniletea mtu mwingine na mimi nimeajiriwa kuiongoza tu. Kila sini najiuliza huyu anataka nini kwa huyu, na mikono yake inafanya nini wakati anaongea. Nikikosa jibu la mikono najua sini hiyo ni hotuba. Halafu nawaita waigizaji tukae mezani wasome yote mwanzo mwisho, na mimi sisomi, hata maelezo ya vitendo nampa mtu mwingine asome, kazi yangu ni kusikiliza na kalamu. Pale wote wanapojikwaa naweka alama. Pale ninapochoka mimi mwenyewe mwandishi naweka alama mbili.

Ila usiachie kila kitu. Kuna maneno ambayo stori inasimama juu yake, jina litakalorudi mwishoni, uongo utakaogundulika baadaye, ahadi. Hayo napigia mstari kwenye nakala za waigizaji na nawaambia wazi, yaliyopigiwa mstari hayaguswi, mengine yote maana ibaki lakini maneno ni yenu. Tangu nianze kufanya hivyo sijagombana na mwigizaji hata mmoja.

Ninunue kamera gani?

Hujasema una nini sasa hivi. Kama una simu nzuri au kamera yoyote inayokuruhusu kufunga mwanga na fokasi isijibadilishe yenyewe, inatosha, hela yako peleka kwenye sauti. Mtazamaji anavumilia picha yenye punje, sauti ya mwangwi havumilii hata dakika mbili.

Kwa vitendo, maiki isikae kwenye kamera, ikae karibu na mdomo, mtu aishike kwa kijiti juu, nje ya kinachoonekana kwenye picha. Zima feni, zima friji. Fundi sauti mmoja alinifundisha kitu ambacho mpaka leo nafanya, ukizima friji ya watu weka funguo zako za gari au za nyumba ndani ya hiyo friji, huwezi kuondoka bila kuifungua na hutasahau kuiwasha. Na kabla hamjahama kila chumba, wote wanyamaze mrekodi kimya cha chumba hicho sekunde 30 mpaka 60. Ediata wako atakitumia kuziba matundu kati ya teki, la sivyo kila mkato utasikika.

Kwenye filamu yangu fupi nimeweka wimbo maarufu, sini inaliza watu. Sijaomba ruhusa lakini filamu siuzi, ni ya kupeleka kwenye matamasha tu. Kuna shida?

Ipo, na naomba uishughulikie wiki hii kabla hujaizoea zaidi.

Charles Burnett, Mmarekani, alitengeneza Killer of Sheep miaka ya 70 akiwa mwanafunzi wa UCLA, chuo kikuu huko Los Angeles, aliandika mwenyewe, akaongoza, akashika kamera na kuediti mwenyewe, wikiendi kwa wikiendi. Mwaka 1990 maktaba kuu ya taifa ya Marekani ikaiingiza kwenye orodha ya filamu za kuhifadhiwa milele. Lakini kumbi za sinema haikuingia rasmi mpaka mwaka 2007, karibu miaka 30 tangu ikamilike, na kikwazo kikubwa kilikuwa nyimbo alizotumia bila haki zake. Filamu yenyewe iligharimu chini ya dola 10,000, haki za muziki zilipokuja kulipwa zilifika kama dola 150,000. Kila nikikumbuka hesabu hiyo moyo unauma, kizazi kizima kilikua bila kuiona.

Wimbo mmoja una haki mbili, ya aliyetunga na ya aliyerekodi, na zinaweza kuwa kwa watu wawili tofauti kabisa. Kupata ya mmoja hakukupi ya mwingine. Njia iliyo wazi ni kumtafuta mwanamuziki asiye na jina kubwa akutungie, mkaandikiana, hata kama unamlipa kidogo, kwamba muziki huu unatumika ndani ya filamu hii popote itakapoonyeshwa. Na ushauri wa ediata kwa ediata, usiediti kabisa ukiwa umeweka ule wimbo maarufu hata kwa muda. Utaupenda, kila utakacholetewa baadaye utakiona kibaya. Toa wimbo, angalia sini ikiwa kavu. Kama hailizi tena, basi ulikuwa unalia kwa ajili ya wimbo na sini bado ina kazi.

Nimemaliza filamu yangu ya kwanza ndefu, kampuni moja ya usambazaji imenitumia mkataba wa kurasa 22, wanataka nisaini ndani ya siku tatu la sivyo nafasi inapita. Nimefurahi sana ila kuna kitu kinaniambia subiri.

Kisikilize hicho kitu. Usisaini ndani ya siku tatu.

Mimi wangu wa kwanza nilisaini jioni ileile, kwa furaha, kalamu nimeazima. Kulikuwa na sentensi moja sikuielewa na niliona aibu kuuliza, kwamba nawapa haki zote duniani kote, kwa njia zote zilizopo na zitakazovumbuliwa, kwa muda wote wa hakimiliki. Nilidhani ni lugha ya wanasheria tu. Sasa muda wote wa hakimiliki ni muda gani? Mkataba wa Berne wa mwaka 1886, ambao nchi nyingi za dunia zimejiunga nao, unasema kazi inalindwa tangu inapotungwa bila kuisajili popote, na kiwango cha chini kwa kazi nyingi ni maisha yote ya mtunzi na miaka 50 baada ya kufa, kwa filamu nchi inaweza kuhesabu miaka 50 tangu ionyeshwe. Kwa hiyo nilitoa filamu yangu kwa muda ambao huenda nisiwepo duniani kuuona ukiisha. Mpaka leo nikitaka kuionyesha darasani naandika barua ya kuomba, na mara nyingine sijibiwi.

Wewe chukua kalamu tafuta vitu hivi. Muda, omba miaka michache inayohesabika, mitano, saba, na haki zirudi kwako zenyewe bila barua. Eneo, kama kampuni inafanya kazi nchi tatu kwa nini inataka dunia nzima, wape hizo tatu. Haki zipi, kumbi ni kitu kimoja, televisheni kingine, mtandaoni kingine, na haki ya kutengeneza sehemu ya pili au kuibadilisha kuwa tamthilia usiitoe kabisa, hiyo imo ndani ya skripti na skripti ni yako. Kisha nenda kwenye gharama, hapa ndo watu wengi wanaumia, mkataba utasema wewe unapata asilimia nzuri tu ya mapato baada ya kutoa gharama, na gharama hazina kikomo. Safari zao, mabango yao, vyakula vya mikutano yao, vyote vinakatwa kwanza na wewe asilimia yako ya sifuri ni sifuri. Dai kikomo kiandikwe kwa namba, na gharama yoyote juu ya hapo wakuombe kwa maandishi. Dai taarifa ya mapato kila miezi mitatu au sita na haki ya kukagua vitabu. Na kiwepo kifungu kwamba kampuni ikifilisika au isipofanya chochote kwa mwaka mmoja, filamu inarudi.

Mtafute mwanasheria anayejua hakimiliki, sio wa viwanja. Na kabla hujaenda kwake hakikisha makaratasi yako mwenyewe yapo, kila mwigizaji amesaini, kila aliyeshika kamera, mtunzi wa muziki, mwenye nyumba mliyoshuti, na kama stori mliifikiria wawili hata kwa maneno tu huyo mwenzako amesaini pia. Msambazaji makini atayadai hayo yote, na asiyeyadai nakuwa na wasiwasi naye. Yule anayekupa siku tatu mjibu kwa heshima kwamba unahitaji wiki tatu. Kama kweli anaitaka atasubiri.

Nina miaka 41, nimekuwa mwandishi wa hadithi. Nimechelewa kuanza kuongoza?

Ousmane Sembène, dairekta wa Senegal, alizaliwa 1923, alikuwa mpakuzi wa mizigo bandarini Marseille, Ufaransa, akawa mwandishi wa riwaya, halafu akaona watu aliokuwa anawaandikia wengi hawasomi Kifaransa. Akaenda Moscow kusomea filamu akiwa anaikaribia 40. Borom Sarret, filamu yake fupi ya kama dakika 20, ni ya 1963. Ya mwisho, Moolaadé, ni ya 2004 akiwa na miaka 81. Fanya hesabu dada, alipoanza alikuwa karibu na umri wako.

Nimetuma filamu yangu ya dakika 34 kwenye matamasha 19, yote yamekataa. Niiweke tu mtandaoni?

Pole sana, 19 ni nyingi na ada zake zinauma. Dakika 34 kwanza. Tuzo za Oscar zinaiita fupi mpaka dakika 40 kwa hiyo kisheria uko sawa, lakini fikiria mpangaji wa tamasha ana nafasi ya dakika 90 ya filamu fupi. Akichukua yako amekataa za dakika 10 tatu. Ili afanye hivyo yako lazima impige kifuani. Jaribu kuikata mpaka 15, mpe ediata ambaye hakuwepo seti, kwa sababu yeye hajui ile picha ya machweo ilivyowatesa mkaipata na ataitoa bila huruma. Anza na dakika mbili za kwanza, kama jina la filamu, majina ya watu, na gari kuwasili vimekula dakika hizo, toa vyote.

Mtandaoni usiweke bado. Matamasha makubwa kama Cannes, Berlin na Venice kwenye mashindano yao kwa kawaida yanataka filamu ambayo haijaonyeshwa kwingine, na baadhi ya madogo nayo yana masharti ya namna hiyo, ukishaiweka wazi unaweza kufunga milango hiyo. Tuma toleo jipya kwenye matamasha machache uliyoangalia kabisa waliwahi kuchagua nini miaka iliyopita. Mengi yana mlango wa filamu za kwanza.

Mwanangu, mimi ni mama wa kijana anayetengeneza filamu. Amemaliza kushuti, sasa ni miezi nane amejifungia chumbani anaediti, haonyeshi mtu, kila siku anasema bado kidogo. Sielewi kazi hii. Namsaidiaje?

Shikamoo mama. Barua yako nimeisoma mara tatu.

Anachopitia nakijua. Mtu aliyeandika mwenyewe na kushuti mwenyewe akifika kwenye kuediti anakuwa ameiona kila sini mara mia, haoni tena kama inachekesha au inahuzunisha, anasogeza mkato mbele fremu mbili, anarudisha nyuma fremu mbili, na sekunde moja ina fremu 24, yaani picha moja moja 24, mtu anaweza kuishi humo miaka. Kuonyesha mtu kunatisha kwa sababu mpaka sasa filamu bado inaweza kuwa nzuri.

Mgongee mlango umwambie unataka kuiona leo kama ilivyo, hata kama sauti haijasawazishwa na kuna sehemu nyeusi. Atakataa. Mwambie huna haja iwe imekamilika. Mkae wawili, zima simu yako mama, mwambie naye azime yake, na yeye asikuelezee chochote wala asisimamishe katikati. Atakuwa hakiangalii kioo, atakuwa anakuangalia wewe uso wako, mwache, hapo ndo atajua vitu ambavyo miezi nane chumbani havikumwambia. Ikiisha usiseme nzuri. Hata kama ni nzuri. Mwambie ulielewa nini, yule mtu alikuwa nani kwa yule mwingine, wapi ulipotea, wapi ulitamani kwenda kuangalia jikoni. Akikubishia nyamaza, asubuhi yake atakuwa ameshaanza kukata.

Kisha kaa wiki mbili umgongee tena. Na kabla hujafanya yote hayo mama, muulize kama kazi yake ameihifadhi kwenye diski zaidi ya moja, na moja ikae kwenye kabati lako.